Jinsi ya kunyaka boogie-woogie kwenye zile filamu fupi za zamani

Kama unapiga kinanda kwaya hapa Dar na mkono wako wa kushoto umelala, jifunze boogie-woogie, ule mtindo wa piano ambao mkono wa kushoto unarudiarudia besi ileile. Tafuta zile filamu fupi za Marekani zinaitwa Soundies. Zilitengenezwa 1940 mpaka 1946, moja kama dakika 3, mtu anatumbukiza senti 10 kwenye mashine inaitwa Panoram, anaangalia wimbo mmoja basi. Anza na mpiga piano Meade Lux Lewis, afu mwenzake Maurice Rocco, yule anapiga kasimama.

Kabla hujagusa kinanda cheki kama picha imegeuka. Panoram ilikuwa inarusha picha kwa vioo kutokea nyuma ya skrini, kwa hiyo filamu zilichapwa kinyume, na kopi zingine za mtandaoni ziko hivohivo mpaka leo. Angalia mfuko wa juu wa koti la mpigaji, unatakiwa uwe kushoto kwake, ukiuona kulia na besi inapigwa na mkono wa kulia ujue ndo imegeuka. Mi wiki nzima nilifuata mkono siyo, ndo maana nasisitiza.

Afu vidole vyao usiviamini sana. Sauti ilirekodiwa kwanza, kamera ikaja baadae msanii anafuatisha, so mkono unaweza kuwa huku noti iko kule. Vaa hedifoni, laza simu kifudifudi, spidi weka nusu, sikiliza besi tu.

Utasikia kitu kama hiki: do mi so la ta la so mi. Noti 8 kwenye kila kipimo cha mipigo 4, na ta ni ti iliyoshushwa nusu. Kidole kidogo kinaanza do, dole gumba linakaa la, kwenye ta kidole cha shahada kinaruka juu ya dole gumba, hapo ndo wengi wanakwama, parudie sana. Usizipige sawasawa, ya kwanza ivute kidogo inayofuata iwe fupi, bila hivo inakuwa zoezi la darasani. Mzunguko ni vipimo 12: 4 vya do, 2 vya fa, 2 vya do, 1 so, 1 fa, 2 do. Ukienda fa unahama na umbo lote.

Kibodi ya Kariakoo ya funguo 61 inatosha kabisa, ila zima ile midundo ya ndani, hapa ngoma ni mkono wako. Kulia usiguse mpaka kushoto kuweze kwenda huku unaitikia salamu za watu mlangoni. Umeme ukikatika gonga zile 8 juu ya meza, kidole kwa kidole, mpaka urudi.