Somo: Majirani wa iliki katika kivuli cha nyumbani

Iliki ukiiacha juani majani yanaungua kingo. Ukiificha chini ya mwembe mzito inarefuka vizuri, inapendeza, na punje huoni. Ndiyo maana kazi kubwa si kuipanda, ni kuitafutia majirani. Watu wengi huchagua jirani kwa majani, yupi anapendeza akiwa karibu na yupi. Mimi nachagua kwa mizizi.

Mfano wa somo hili ni bustani za nyumbani huku Usambara Mashariki, upande wa Amani, ambako mvua haitubanii.

Hatua ya 1: Soma kivuli. Simama pale unapotaka kupanda saa sita mchana, siku ya jua. Ukiona vidoa vya mwanga vimetawanyika ardhini kama sarafu zilizomwagika, panafaa. Ukiona giza tupu, pogolea kwanza. Rudia Januari au Februari, kwa sababu ipo miti inayopukutisha majani kiangazi, na hapo ndipo iliki inapohitaji kivuli zaidi.

Hatua ya 2: Chimba kabla ya kununua mche. Mizizi ya iliki haiendi mbali, mingi inakaa juu juu. Piga jembe mara mbili tatu. Ukikuta mizizi ya mti imesukana kama mkeka, hapo mezani pamejaa, hata kivuli kiwe kizuri namna gani. Mwembe uliokomaa mara nyingi uko hivyo. Mkaratusi usiufikirie kabisa, unakunywa maji ya kila mtu.

Hatua ya 3: Jirani wa juu. Mgirisidia ndio chaguo langu. Ni mti wa jamii ya kunde, unarutubisha udongo, na ukikata fito ukazichomeka wakati wa mvua zinashika. Ubaya wake ni huo wa kupukutika kiangazi, kwa hiyo changanya na mgrevilea, mti mwingine wa kivuli, ambao haubaki mtupu. Pogolea masika yanapoanza, si yanapoisha, ili matawi yawe yamerudi jua kali likifika.

Mgomba ni yaya wa mwaka wa kwanza. Unakua upesi na magome yake yanakuwa matandazo mazuri. Lakini ni mlaji, na mizizi yake iko juu juu kama ya iliki. Uweke mita 3 hivi kutoka kwenye iliki, na machipukizi uyapunguze usiachie ukoo mzima uhamie.

Hatua ya 4: Jirani wa pembeni. Pilipili manga ipandishe kwenye mgirisidia huohuo. Inapanda juu, iliki inabaki chini, hawagombani sana. Anayetudanganya ni tangawizi. Inapenda kivuli chepesi, inaonekana inafaa, lakini ni ndugu wa damu wa iliki. Ugonjwa wa kuoza tunguu, yaani lile shina la chini ya ardhi, ukiingia kwa mmoja, mwingine hayuko salama. Tangawizi na manjano zipe tuta lao, mbali, na maji ya tuta hilo yasitiririkie kwenye iliki.

Hatua ya 5: Chini, acha wazi. Hapa niliumia. Nilitandaza viazi vitamu chini ya iliki ili vizuie magugu, na kweli magugu yalikoma. Nilichosahau ni kwamba iliki haichanui juu kwenye majani. Vikonyo vya maua vinatokea shinani na kulala karibu na ardhi. Nilipofunua marando nilikuta vikonyo vimeoza, na nyuki hawakuwa na njia ya kuvifikia. Siku hizi natandaza majani makavu tu, na katikati ya shina sirundiki kitu.

Maswali ya wanachama

*Mwalimu, niko Dar, nina mwembe mmoja uani. Iliki itazaa?*
Ndugu yangu, sikushauri. Iliki inapenda ubaridi wa milimani na mvua nyingi, na joto la Dar litakuchosha. Tumia mwembe huo kama nguzo, pandisha pilipili manga kwenye shina lake, uimwagilie kiangazi. Pembeni, kivuli kinapopungua, weka manjano kwenye viroba ili mizizi ya mwembe isiyafikie.

*Huku Bukoba tuna vanila. Naweza kuichanganya na iliki?*
Unaweza, zote zinapenda kivuli chepesi. Ila vanila na pilipili manga usizipandishe kwenye mti mmoja. Tena vanila utaichavusha kwa mkono asubuhi, ua likiwa limefunguka, maana halingoji kesho. Kwa hiyo acha njia ya kupita, la sivyo utakanyaga vikonyo vya iliki kila siku.

*Majani ya mgirisidia naweza kumpa mbuzi?*
Ndiyo dada, mbuzi wanakula. Wengine huyakataa yakiwa mabichi kwa ajili ya harufu, yaache yanyauke siku moja kwanza, uanze na kidogo.

*Iliki yangu ina mwaka na nusu, majani mengi, ua hata moja hakuna. Niing'oe?*
Usiguse! Kwa kawaida inaanza kuzaa mwaka wa tatu hivi, ya mbegu inaweza kuchelewa zaidi ya ile ya kugawa tunguu. Nenda kaangalie vile vidoa vya mwanga saa sita. Kama vipo, subiri. Kama havipo, panda juu na panga, ukate matawi mawili ya upande wa mashariki.