Jinsi ya kujua kama walinda amani wanatumwa kweli au kwa jina tu

Ukisikia Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa (UN) limepitisha azimio la kupeleka walinda amani mahali usishangilie kwanza. Tafuta misheni gani ilifeli kabla ya hiyo, hapo ndo utaelewa mengi.

Mfano Rwanda, ila mambo yanaanzia Somalia. Tarehe 3 Oktoba 1993 Wamarekani waliingia Mogadishu kuwakamata watu wa Aidid, mbabe wa kivita wa huko, helikopta mbili zikadunguliwa, wakafa wanajeshi wao 18, maiti zikaburuzwa mtaani dunia nzima inaona kwenye TV. Siku mbili baadae, tarehe 5, Baraza likaanzisha UNAMIR, misheni ya walinda amani Rwanda. Sasa Washington wanasiasa wanapiga kelele vijana warudi nyumbani, nani atatoa jeshi la maana kwa nchi nyingine ya Afrika? Na inauma, maana operesheni ile ilikuwa chini ya amri ya Marekani wenyewe ila lawama kabebeshwa UN.

Alafu soma wameruhusiwa kufanya nini, usiangalie idadi tu. Januari 1994 Jenerali Dallaire, kamanda wa UNAMIR, aliwaambia makao makuu ya UN New York kuna silaha zimefichwa Kigali anataka akazikamate, wakamkatalia, hofu ya Somalia ilikuwa bado mbichi.

Angalia pia nani katoa wanajeshi na kitu gani kitamkimbiza. Ubelgiji ndo ilikuwa na kikosi chenye uwezo zaidi, na mtoa habari wa Dallaire alishasema kuna mpango wa kuwaua Wabelgiji ili waondoke. Tarehe 7 Aprili, mauaji ya kimbari ya Watutsi yalipoanza, wakauawa Wabelgiji 10, Ubelgiji ikaondoka kweli, na tarehe 21 Baraza likapunguza kikosi hadi watu 270 wakati watu wanachinjwa barabarani!! Waghana walibaki, hao tuwakumbuke.

Sikiliza na maneno. Msemaji wa Marekani alikuwa anazungukazunguka asitamke "mauaji ya kimbari" moja kwa moja, sababu ukilitamka utaulizwa unafanya nini. Tarehe 17 Mei Baraza likaidhinisha wanajeshi 5,500, lakini azimio sio askari, uliza nani kaahidi, ndege za nani, lini. RPF, waasi waliokuwa wanapigana na serikali, inaichukua Kigali Julai hao 5,500 bado hawajafika.

Ila sio lazima kufeli kuzae woga. Novemba 2012 waasi wa M23 waliingia Goma, mashariki mwa Kongo, walinda amani wa UN wapo, aibu ile ndo ikaleta Machi 2013 brigedi ya Tanzania, Afrika Kusini na Malawi iliyoruhusiwa kushambulia, na mwisho wa mwaka huo M23 walikuwa wamesalimu amri.