Viwanja viwili vya Saint Lucia: soma herufi tatu kabla hujalipa tiketi

Ndugu zangu, kuna jambo limewaumiza watu wetu kadhaa wanaokwenda Karibiani kwa harusi, kazi au kutembelea wakwe, na mimi mwenyewe lilishaniuma. Leo nimeamua kuliandika hatua kwa hatua. Saint Lucia ni kisiwa kidogo, kutoka ncha ya kaskazini hadi ya kusini ni kama kilomita 43 tu, lakini kina viwanja viwili vya ndege, na vimepeana mgongo: kimoja kusini kabisa, kingine kaskazini.

Aliyekaa Arusha atanielewa upesi. KIA ni kwa ndege kubwa, Kisongo ni kwa vindege vya mbugani, na ole wako dereva akupeleke siko. Wa Nairobi wana JKIA na Wilson. Sasa chukua hali hiyo, weka milima katikati.

Hatua ya 1: Tafuta herufi tatu kwenye tiketi

UVF ni Hewanorra, uwanja wa Vieux Fort huko kusini. Njia yake ya kurukia ina kama mita 2,700, na asili yake ni uwanja wa kijeshi uliojengwa na Wamarekani wakati wa Vita Kuu ya Pili. Waliufuata upande ule kwa sababu ndiko kuna tambarare; kwingine kote ni mlima, bonde, mlima. Ndege kubwa kutoka London, Toronto, Miami na New York hutua hapa.

SLU ni George F. L. Charles, uwanja wa Castries, mji mkuu. Umepewa jina la kiongozi wa wafanyakazi aliyekuja kuwa Waziri Kiongozi wa kwanza wa kisiwa, ila watu wengi bado wanauita Vigie. Njia yake haifiki kilomita 2, na ufukwe wa Vigie umelala sambamba nayo. Hapa hutua pangaboi, yaani ndege ndogo za mapanga, zinazotoka visiwa vya jirani: Barbados, Dominica, Trinidad na kadhalika.

Mtego uko hapa: SLU inasomeka kama kifupi cha Saint Lucia. Mtu akiiona anadhani ni jina la kisiwa kizima, wala hawazi kwamba kuna UVF.

Hatua ya 2: Viza za njiani kwanza, kisha tiketi

Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo pesa za watu zinapopotelea. Mtu anahangaika na masharti ya kuingia Saint Lucia kwenyewe (hayo ulizia ubalozi wao au shirika la ndege kwa pasi yako mahususi), anasahau kwamba kutoka Afrika Mashariki hakuna ndege ya moja kwa moja. Lazima upite nchi ya mtu.

Ukipitia Marekani, unahitaji viza hata kama unabadilisha ndege tu. Kule kila abiria anapita uhamiaji, anachukua mizigo yake, anaipeleka tena. Ukipitia Uingereza, mwenye pasi ya Tanzania, Kenya, Uganda, Rwanda, Burundi au Kongo anahitaji viza ya kupita hata kama hatatoka nje ya uwanja, isipokuwa awe na kibali kinachomsamehe, kwa mfano viza halali ya Marekani au ya Kanada. Halafu kuna hili: ndege ya Nairobi huenda ikakushusha uwanja wa Heathrow, London, na ya Saint Lucia ikaondokea uwanja mwingine wa London, Gatwick. Kutoka Heathrow kwenda Gatwick ni safari ya barabarani, kwa hiyo unaingia Uingereza kabisa, na viza ya kupita ndani ya uwanja haikusaidii. Utahitaji viza nyingine. Ukikata tiketi, hakikisha herufi za London nazo zinafanana: LHR (Heathrow) kwa LHR, au LGW (Gatwick) kwa LGW.

Hatua ya 3: Kadi ya manjano

Ukitokea nchi zenye homa ya manjano, kama Kenya, Uganda, Burundi au Kongo, utaulizwa kadi ya chanjo. Mtanzania naye aibebe, maana akipitia Nairobi au Entebbe swali litamfuata. Chanjo inatambulika baada ya siku 10, kwa hiyo usichome siku ya kuamkia safari. Waliochoma zamani wasirudie: tangu 2016 kadi inatambulika maisha yote.

Hatua ya 4: Hesabu barabara

Mara yangu ya kwanza nilitua Hewanorra saa tisa alasiri, nikiwa na tiketi nyingine ya kwenda Dominica saa kumi na nusu. Wakala aliniambia muda unatosha, "zote ziko St Lucia." Nilipofika kaunta, yule dada aliipokea karatasi yangu, akaigeuza, akaweka ukucha wake mwekundu chini ya herufi SLU na kunitazama kwa huruma. "Darling," akasema, "this one is in Castries."

Nilikodi teksi hata hivyo. Barabara inapanda pwani ya mashariki, inapita Micoud na Dennery, kisha inakata mlima wa Barre de l'Isle kwa kona juu ya kona mpaka Castries. Ni kama saa moja na nusu, na mvua ikinyesha inazidi. Dereva alijitahidi, Mungu ambariki. Tulipoteremka upande wa pili, pangaboi yangu ilikuwa imeshaondoka. Nililala Castries kwa gharama yangu, kwa sababu tiketi zilikuwa mbili tofauti na hakuna shirika lililodaiwa kitu.

Kwa hiyo kama unatua UVF na kuondokea SLU, acha muda wa saa sita katikati, au lala. Wakati wa kurudi, ukiwa Castries na ndege yako iko Hewanorra, toka muda wa saa tano kabla ya ndege kuruka.

Hatua ya 5: Usafiri

Teksi zina namba za rangi ya samawati zinazoanza na TX. Mkubaliane bei kabla mlango haujafungwa, na uulize ni dola za Marekani au za Karibiani Mashariki, kwa sababu dola 1 ya Marekani ni 2.70 za kwao. Daladala zao ni vipanya vyenye namba za kijani zinazoanza na M. Ya Vieux Fort–Castries ni 2H. Ni nafuu sana, ila haina pa kuweka sanduku kubwa, na Jumapili ni za kubahatisha. Ukiendesha mwenyewe, ni kushoto kama kwetu, na utahitaji kibali cha muda.

Usibebe nguo yoyote ya madoa ya kijeshi, hata ya mtoto. Sheria yao inakataza.

Maswali ya wanachama (mbele ni mji wa anayeuliza)

*Leicester:* Dada, shikamoo. Mama yangu ana magoti, anakwenda Barbados kisha Castries. Ataweza?

Marahaba. Ataweza, ila omba kiti cha magurudumu siku ile ile ya kukata tiketi, kwa kila ndege peke yake. Waambie pia kwamba hapandi ngazi. Pangaboi unashuka kwa ngazi mpaka chini, na ngazi zake ni nyembamba.

*Mombasa:* Nina viza ya Schengen (ya kuingia nchi nyingi za Ulaya). Naweza kuingia kwa boti kutoka Martinique?

Boti ipo kweli, inafika Castries. Lakini Martinique ingawa ni Ufaransa haimo ndani ya Schengen. Viza yako ya kawaida haikufikishi huko mpaka iandikwe kwamba inakubalika kwenye maeneo ya ng'ambo ya Ufaransa. Omba hivyo tangu mwanzo.

*Bujumbura:* Oktoba kuna hatari ya vimbunga?

Ndiyo. Msimu ni 1 Juni hadi 30 Novemba. Kimbunga Tomas kilipiga mwishoni mwa Oktoba 2010, maporomoko yakakata barabara, na kusini na kaskazini zikatengana. Mwezi huo chukua tiketi inayobadilishika, na ulale upande wa uwanja utakaoondokea.

*Dar es Salaam:* Mwanangu anatua 14:55. Nikeshe mpaka saa ngapi?

Hiyo ni saa tisa kasoro dakika tano alasiri ya kwao, na wako nyuma yetu saa saba. Kwako itakuwa saa nne kasoro dakika tano usiku, mama. Mpe saa moja ya uhamiaji na mizigo, na kama anakwenda Castries ongeza moja na nusu ya barabara. Simu isipolia kabla ya saa sita na nusu, usiwe na wasiwasi.