Kutafuta KKS: mtoto ajue pa kuachia kugawa

Nafundisha hisabati darasa la tano hapa Dodoma, na kila mwaka watoto wanakwama palepale: kugawa wanaweza, ila hawajui waache wapi.

Tuchukue mkulima wa Hombolo mwenye kilo 60 za zabibu nyekundu na kilo 84 za nyeupe. Anataka kuzipanga kwenye kreti zenye uzito sawa, bila kuchanganya rangi wala kubakiza hata kilo moja. Kreti moja ibebe kilo ngapi, zikiwa nyingi kabisa? Hapo unatafuta Kigawo Kikubwa cha Shirika, KKS, cha 60 na 84, yaani namba kubwa kuliko zote inayozigawa zote mbili bila kubakiza.

Hatua ya 1: Kagua. Namba inayoishia na 0, 2, 4, 6 au 8 inagawanyika kwa 2. Inayoishia na 0 au 5, kwa 5. Kwa 3, jumlisha tarakimu: 8 + 4 = 12, na 12 inagawanyika kwa 3, basi 84 nayo inagawanyika. Tafadhali, mtoto asikariri hilo tu. Mpe mbegu 84 za ubuyu, apange mafungu 8 ya kumi kumi na 4 pembeni. Kila fungu atoe 9, maana 9 inagawanyika kwa 3, inabaki 1. Zimebaki 8, jumlisha na zile 4: ni 12 ileile. Mimi hutumia kipindi kizima hapa.

Hatua ya 2: Gawa zote mbili kwa pamoja.

2 | 60, 84
2 | 30, 42
3 | 15, 21
  | 5, 7

Hatua ya 3: Simama. Hakuna namba zaidi ya 1 inayogawa 5 na 7 zote. Wengi huendelea, wanagawa kwa 5, kisha kwa 7, wanapata 420. Hicho ni Kigawe Kidogo cha Shirika, KDS, yaani namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa 60 na kwa 84. Muulize: kreti ya kilo 420 itajazwa na nini, na zabibu zote ni kilo 144? Atalifuta jibu hilo mwenyewe.

Zidisha za kushoto: 2 × 2 × 3 = 12. Kreti ni za kilo 12. Zile 5 na 7 za chini ndiyo idadi ya kreti, nyekundu 5, nyeupe 7.

Namba zikigoma kugawanyika kwa 2, 3 na 5, mfano 391 na 437, toa: 437 − 391 = 46. Kinachogawa zote mbili lazima kigawe na tofauti yake. Vigawo vya 46 ni 1, 2, 23 na 46. Namba zetu ni witiri, kwa hiyo 2 na 46 hazimo. Jaribu 23: 23 × 17 = 391, 23 × 19 = 437. KKS ni 23.