Filamu ya vijana wa hip hop walio safarini: jinsi ya kuitengeneza kwa bajeti ndogo

Marapa wanne, Coaster ya kukodi, shoo tatu na hela isiyotosha. Kwa anayetengeneza filamu bila kampuni kubwa nyuma yake, hadithi hii inalipa kuliko nyingi: barabara inakupa mandhari bure, na watu waliobanana kwenye gari moja hawakosi la kugombania. Mfano wangu ni barabara ya Dar es Salaam hadi Mbeya, kupitia Morogoro na Iringa. Ukiwa Mwanza au Arusha badilisha vituo, kazi ni ile ile.

Hatua ya 1: Anza na wimbo, skripti baadaye

Wengi huandika hadithi yote, halafu katikati wanaacha pengo: "hapa wanaimba." Pengo hilo ndilo linaloua filamu za muziki. Mkabidhi rapa wako kazi ya kuandika wimbo mmoja kamili, wenye beti tatu na kiitikio, kisha hadithi yako ijibu swali hili: kwa nini wimbo huu hauwezi kuimbwa vilevile mara ya tatu?

Morogoro wanauchana wote, kila mmoja anadakia mwisho wa mstari wa mwenzake. Wakifika Iringa, mmoja wao ameshaambiwa na prodyuza kwamba anatakiwa peke yake, na hajamwambia mtu. Anachana ubeti wake akiwatazama mashabiki tu, wenzake hawaangalii. Mbeya, ubeti wa tatu umebaki hauna mwenyewe. Nani anaubeba, au wanaliacha biti lipite tupu? Wakati huo mtazamaji ameshaukariri wimbo, kwa hiyo mstari mmoja ukikosekana anaumia bila wewe kumweleza chochote.

Mistari iwe na asili ya wahusika. X Plastaz wa Arusha walichana Kiswahili wakakichanganya na uimbaji wa Kimaasai, na ukiwasikia unajua kabisa si kundi la Dar. Mhusika wako aliyekulia Mbeya asichane kama kijana wa Temeke.

Kabla hujawasha kamera, maliza mambo ya haki. Kila wimbo una haki za aina mbili: za utunzi, yaani mashairi na muziki, na za rekodi iliyotoka studio. Saini zote unazihitaji, ya aliyetengeneza biti ikiwemo, hata kama ni rafiki yako wa utotoni. Kisha sajili kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania.

Hatua ya 2: Weka hadithi nje ya jukwaa

Ukurasa mmoja wa skripti ni kama dakika moja ya filamu. Kwenye kurasa 90, mimi siruhusu shoo zizidi kurasa 15. Zinazobaki ni za kusubiri, kula, kulala vibaya na kulipwa. Hasa kulipwa. Hivi ndivyo ninavyoiandika:

Saa nane usiku, nyuma ya ukumbi. Promota aliahidi laki nane. Anahesabu noti za elfu mbili mbili zilizokunjwakunjwa mlangoni, anafika laki tatu na nusu, anasimama. Hakuna anayepiga kelele. Mmoja anamuuliza dereva mafuta hadi Mbeya ni shilingi ngapi. Kiongozi wa kundi anagawa, fungu dogo anabaki nalo yeye, na mdogo wake anaona.

Hapo hujahitaji hotuba kuhusu ugumu wa sanaa. Ukiona mhusika anaanza kueleza maisha yalivyo magumu, futa.

Hatua ya 3: Tafuta rapa, umfundishe kuigiza

Ni rahisi kuliko kumfundisha mwigizaji kuchana. Rapa anakuja na pumzi na kumbukumbu tayari. Kasoro yake ni kwamba anaongea na kila mtu kama anaongea na ukumbi mzima: sauti juu, mikono hewani. Dawa ni kumpa kazi ya mikono. Aseme maneno yake huku anamenya viazi au anakunja nyaya za maiki, na mikono ikishughulika sauti inashuka yenyewe. Wafanye wakae pamoja kabla ya safari, wapike na wagombane kweli kuhusu zamu za kuosha vyombo.

Hatua ya 4: Vibali

Bodi ya Filamu kwanza, kabla ya picha ya kwanza. Inasimamia Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976. Barabara kuu inakatiza ndani ya Hifadhi ya Mikumi: kupita ni haki ya kila msafiri, ila kusimamisha gari upige filamu ni suala la TANAPA, shirika la hifadhi za taifa. Ndege isiyo na rubani (droni) ina kibali chake, kutoka TCAA, mamlaka ya usafiri wa anga. Na serikali ya mtaa kila mnaposimama kupiga picha.

Hatua ya 5: Piga kwa mpangilio wa barabara

Anza Dar, malizia Mbeya. Nywele, ndevu na uchovu vitajipanga vyenyewe. Ukienda Juni au Julai, jasho la Dar litageuka majaketi Iringa bila kumlipa mtu wa mavazi. Ugomvi mkubwa uweke mlima Kitonga, gari likijikongoja nyuma ya malori, hakuna wa kushuka.

Ila injini ya Coaster inameza mazungumzo. Picha za mbali piga gari likitembea. Maneno ya karibu yarekodi gari limesimama, injini imezimwa, watu wawili wakilitikisa kutoka nje na mmoja akipitisha tawi mbele ya taa ili vivuli vikimbie usoni. Mngurumo urekodi peke yake, uulaze chini wakati wa kuhariri.

Kamera iwe fremu 25 kwa sekunde, shata (muda ambao kila picha inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, hivyo taa za kumbi hazitapepesa.

Hatua ya 6: Shoo

Omba nafasi kwenye shoo ya kweli. MC awatangazie watu kwamba wanapigwa picha, na tangazo libandikwe mlangoni. Sauti chukua sehemu mbili: waya kutoka mixa, na rekoda nyingine iliyoelekezwa kwa watu. Vilele vya sauti viache karibu na desibeli 12 chini ya sifuri ya kipimo cha rekoda, maana besi ya ukumbi haina adabu. Kamera moja isimame pana bila kukatwa, nyingine iingie katikati ya watu. Nyuso za karibu piga kesho yake mchana, ukumbi mtupu, nguo zile zile zisizofuliwa.

Hatua ya 7: Kuhariri na kupeleka nje

Shoo ya Morogoro na ya Iringa zikate fupi, dakika moja moja inatosha. Ya Mbeya iache yote. Bodi ya Filamu inapaswa kuikagua filamu na kuipangia daraja la umri kabla ya kuionyesha hadharani. Ukilenga tamasha la filamu kama ZIFF la Zanzibar utahitaji maandishi ya tafsiri chini ya picha. Mazungumzo mpe mtafsiri yeyote mzuri. Mistari ya wimbo mpe rapa anayeijua lugha unayotafsiria, na umlipe kama mwandishi.