Namna ya kumyeyusha Mtukufu: filamu fupi ya kejeli kwa simu na nta

Mtawala wetu ni mshumaa. Wapambe wanamwasha ili ang'ae, na kung'aa huko ndiko kunakommaliza. Maneno hayahitajiki.

1. Kichwa. Finyanga udongo kwa ukubwa wa yai, utolee kalibu ya plasta ya vipande viwili. Lowesha kalibu kwanza, la sivyo nta itang'ang'ania. Pitisha utambi mnene katikati, halafu umimine mishumaa uliyoyeyusha kwenye kopo lililokaa ndani ya sufuria ya maji. Nta isikutane na moto moja kwa moja, inawaka.

Usichonge sura ya kiongozi anayejulikana. Si woga tu: yeye akishaondoka, filamu yako nayo imekwisha. Miwani na kofia vinatosha. Medali ni vizibo vya soda vilivyobandikwa kifuani. Nta ikilegea vitateleza kimoja kimoja, na hapo ndipo watu hucheka.

2. Kushuka. Zaire ya Mobutu, taarifa ya habari kwenye televisheni ilifunguliwa kwa sura yake ikishuka kutoka mawinguni. Alikufa uhamishoni Rabat, Moroko, Septemba 1997, haijatimia miezi minne tangu aangushwe. Kwa hiyo anza juu: ning'iniza kichwa kwa uzi mbele ya pamba, kishushe kidogo kidogo, picha kwa picha. Ondoa pamba yote kabla ya kuwasha kiberiti.

3. Kupiga. Simu ikae kwenye stendi, fokasi na mwanga wa kamera vifungwe visijibadilishe. Zima feni (ndiyo, hata Dar mwezi Februari). Piga picha moja kila sekunde 30: saa tatu zitakupa picha 360, na kwa picha 12 kwa sekunde hizo ni sekunde 30 za filamu. Katikati ya picha na picha, sogeza mikono ya wapambe wa karatasi ngumu wanaopiga makofi. Kaa hapo hapo. Moto hauachwi peke yake.

4. Sauti. Makofi tu. Kichwa kikiisha, yaendelee kwa nguvu ile ile.

5. Mwisho. Wengi hushusha kichwa kipya. Kimezoeleka mno. Mimi humwacha mpambe mmoja akwangue nta mezani kwa kijiko, airudishe kwenye kopo.

Kabla ya kuionyesha hadharani, Tanzania utapita Bodi ya Filamu, Kenya utapita KFCB, bodi ya kuainisha filamu. Kwenye muhtasari wa filamu utakaowapa, andika kinachoonekana: mshumaa, makofi, kijiko.