Kabla hujalipia rimu za gari lako, pima haya

Rimu ya Pajero na rimu ya Prado zote zina matundu sita, na duara la matundu hayo ni lile lile, milimita 139.7. Muuzaji atakuapia kwamba zinaingiliana. Sasa jaribu kuivalisha Prado rimu ya Pajero: itagoma hata kabla hujashika nati, kwa sababu tundu la katikati la rimu ya Pajero ni milimita 67.1, na habu ya Prado ya toleo la 150, kile kitovu cha gari ambapo rimu hufungwa, imechomoza kwa kipenyo cha milimita 106.

Kazi yangu ni alainmenti na balansi hapa Nakuru, na magari ya juu ndiyo yananilisha: Prado za wakulima wa Mau Narok, X-Trail za walimu, Forester za vijana wa Kiamunyi wanaopenda gari lisikike kabla halijaonekana. Wengi hunijia rimu zikiwa zimeshalipiwa, na hapo mdomo wangu hauna kazi tena. Ndiyo maana naandika yale ambayo ningependa mteja ayajue kabla pesa hazijatoka kwenye simu.

Anza na gari, rimu baadaye. Fungua mlango wa dereva uangalie nguzo ya katikati. Kuna kibandiko chenye saizi ya tairi na upepo wake. Gari likiwa limetoka Japani maandishi yatakuwa ya Kijapani, lakini namba ni namba. Kisha vua gurudumu moja, ligeuze, utafute maandishi nyuma ya mikono ya rimu. Kwenye Prado 150 yenye rimu za inchi 17 utakuta 17x7½J. Hiyo 17 ni kipenyo, 7½ ni upana, zote kwa inchi, na J ni umbo la ukingo unaoshika tairi. Rimu za dukani huongezewa ET25 au +25, ambayo ni ofseti, nitaieleza mbele. Piga picha maandishi hayo uende nayo dukani.

Duara la bolti, wauzaji wanaliita PCD, halina siri. Kwenye habu ya bolti sita pima kutoka katikati ya bolti moja hadi katikati ya ile inayoitazama. Kwenye bolti tano hakuna inayotazamana na mwenzake, kwa hivyo ruka moja, upime hadi inayofuata. Ukipata karibu milimita 108.7, gari lako ni 5x114.3, yaani bolti tano kwenye duara la milimita 114.3: hapo wamo RAV4, Harrier, X-Trail, CR-V na CX-5. Ukipata 95, ni 5x100, nayo ndiyo Forester ya hadi 2018. Forester iliyofuata ilihamia 114.3, kwa hivyo mtu akikuambia "hizi ni za Forester", muulize ya mwaka gani.

Inayosumbua zaidi ni rimu ya 5x112, iliyotengenezwa kwa magari ya Kijerumani. Tofauti yake na 114.3 ni ndogo kiasi kwamba mtu mwenye nguvu na spana ndefu anaweza kuifunga kwenye Toyota. Nati zitakaa upande, zitakaza huku zikiukunja uzi, na siku moja zitaanza kulegea zenyewe. Usikubali, hata muuzaji akikuambia jirani yake amezitembeza hadi Malaba.

Tundu la katikati ndilo linalopuuzwa na karibu kila mtu. Magari yale ya 5x114.3 yanagawana bolti, lakini habu zao hazilingani: RAV4 na Harrier ni 60.1, CR-V 64.1, X-Trail 66.1, CX-5 67.1. Weka rimu ya X-Trail kwenye RAV4 na itaingia bila kelele, kisha ibaki na mwanya wa milimita tatu kila upande. Habu haiishiki tena. Inaning'inia kwenye nati peke yake, na isipokaa katikati kabisa, usukani unaanza kutetemeka ukivuka kilomita 90 kwa saa.

Mteja hurudi ameudhika. "Fundi, balansi yako haijashika." Namwekea gurudumu kwenye mashine mbele ya macho yake, mashine inasoma sufuri ndani na sufuri nje. Tunalirudisha kwenye gari, tunashuka barabara ya Nairobi kuelekea Lanet, usukani unatetemeka vilevile. Sababu ni kwamba mashine yangu huishika rimu kwa koni inayojaza tundu lile la katikati, kwa hivyo kwenye mashine iko sawa kabisa. Kwenye habu ya gari hakuna koni.

Dawa yake ni ringi ya habu, kipete cha plastiki ngumu au aluminiamu kinachojaza mwanya. Rimu nyingi za dukani zina tundu la 73.1 makusudi ili ziuzwe kwa magari mengi. Kwa RAV4 utahitaji ringi ya 73.1 nje na 60.1 ndani. Ni kitu cha bei ndogo, na duka lisilokuwa nacho halina sababu ya kukuuzia rimu hizo. Ukilikuta tundu dogo kuliko habu, hilo halina dawa, liache.

Nasema halina dawa kwa sababu kuna wanaolikereza. Siku hizi wenye Prado wanatamani rimu za Land Cruiser 300, na siwalaumu, ni nzuri. Duara la bolti ni lile lile, 6x139.7. Lakini tundu ni 95.1, na habu ya Prado 150 ni 106.1. Fundi wa kukereza analipanua, rimu inaingia, watu wanapiga makofi. Kisha mtu anakata kona na gari linakwaruza, kwa sababu shida ya pili, ofseti, bado haijaguswa.

Ofseti ni umbali kutoka mstari wa katikati ya upana wa rimu hadi pale inapokaa kwenye habu. Ikiwa kubwa, gurudumu linaingia ndani. Ikiwa ndogo au hasi, linatoka nje. Rimu ya Prado 150 ni inchi 7.5 kwa ET25. Nusu ya upana ni milimita 95, jumlisha 25, kwa hivyo rimu inaingia ndani milimita 120 kutoka kwenye habu. Rimu ya 300 ni inchi 8 kwa ET60: nusu ni 102 hivi, jumlisha 60, unapata 162. Umelisogeza gurudumu ndani zaidi ya sentimita nne, kuelekea mikono ya saspensheni na vyuma vya usukani. Nafasi hiyo haipo.

Hapo ndipo spesa huletwa, kisahani cha kusukuma rimu nje. Sizipendi. Spesa nzuri zipo, zenye bolti zake na zinazokaa vizuri kwenye habu, lakini zinazoletwa kwangu ni bapa za kukereza mtaani ambazo zinakula urefu wa bolti, nati ikabaki imeshika uzi mdogo. Mtu anunue rimu yenye ofseti yake.

Upande wa pili ni wale wanaotaka gari lisimame kama fahali: rimu ya inchi 9 kwa ET0. Fanya hesabu ile ile kwa upande wa nje. Ya kiwandani inatoka 95 toa 25, yaani 70. Mpya inatoka 114. Hizo ni milimita 44 nje ya ilipokuwa, kila upande. Beringi za habu zinabeba mzigo kwa mkono mrefu zaidi, usukani unavutwa na kila shimo, na tope la Molo linarushwa moja kwa moja kwenye milango na vioo. Kwangu mimi, milimita kumi hadi kumi na tano nje inavumilika. Zaidi ya hapo unanunua kazi ya kuniletea.

Rimu isipokuwa na namba ya ofseti, ipime. Ilaze kifudifudi bila tairi, weka ubao ulionyooka juu ya ukingo wa nyuma, kisha pima kwa rula kutoka kwenye ubao hadi pale inapokutana na habu. Pima pia upana wote, ukingo hadi ukingo, uugawe kwa mbili. Toa nusu hiyo kwenye kipimo cha kwanza. Rimu ya Prado itakupa karibu 133 kutoka kwenye ubao na upana wa 216. Nusu yake 108, jibu 25. Dakika tano, na muuzaji akikataa upime, umeshapata jibu lako.

Ukubwa nao. Kipenyo cha gurudumu zima, pamoja na tairi, kibaki karibu na cha awali, tofauti isizidi asilimia tatu. Tairi la 265/65R17 (upana kwa milimita, ubavu kwa asilimia ya upana huo, kisha inchi za rimu) lina kipenyo cha milimita 776, na 265/60R18 ni 775, ndiyo maana kiwanda kinatoa zote mbili. Ukipanda hadi 285/70R17 unafika 831, ongezeko la asilimia saba: mita ikisema 80 wewe uko karibu 86, na wenye kamera barabarani hawasomi mita yako. Matairi yote manne yalingane, hasa kwenye Forester na magari mengine yanayovuta kwa miguu minne muda wote. Mawili makubwa na mawili madogo yataumaliza mfumo wa kati unaogawa nguvu mbele na nyuma.

Mimi ningebaki na inchi 17. Inchi 20 inapendeza pale mjini, lakini tairi lake lina ubavu mwembamba, na shimo moja la barabara ya Mau Narok linaubana ubavu huo hadi chuma kinakutana na jiwe. Rimu zenye ufa ninazoziona nyingi ni hizo. Na ukipasukiwa usiku Mau Summit, tairi la 17 utaliulizia ulipate. La 20 utalala ndani ya gari. Kushuka chini sana nako kuna kikomo, kwa sababu kalipa ya breki lazima ipate nafasi. Jaribu rimu tupu kwenye habu ya mbele kwanza, izungushe kwa mkono, ndipo uvishe tairi.

Rimu za mitumba kutoka Japani ni nzuri ukizichagua. Tafuta alama ya JWL, ni kiwango cha Japani cha rimu za aloi. Ikiwa na VIA pembeni, ilipimwa na chombo kingine huru. Tafuta pia uzito inaoruhusiwa kubeba, huandikwa kwa kilo: chukua mzigo wa juu kabisa wa ekseli ya gari lako, ugawe kwa mbili, rimu isiwe chini ya hapo. Ukizitazama, puuza uso na uangalie upande wa ndani, kule tope hukaa. Ufa huanzia ukingo wa ndani. Rangi mpya inayong'aa ndani, mahali asipopaona mtu, inaficha kitu, mara nyingi mshono wa kuchomelea. Pitisha ukucha.

Nati sasa. Rimu za aloi za Toyota za kiwandani hutumia nati yenye shingo na washa bapa. Rimu nyingi za dukani zinataka nati ya koni. Honda ina yake ya mviringo. Nati ya washa kwenye tundu la koni itakaza vizuri siku hiyo, halafu itatembea. Uzi pia unatofautiana: kwa kawaida Toyota, Honda na Mazda ni M12x1.5 (bolti ya milimita 12, uzi unaopanda milimita 1.5 kwa mzunguko), Nissan na Subaru ni M12x1.25. Anza kila nati kwa vidole. Ikishika mizunguko miwili kisha ikagoma, itoe, usimwite kijana mwenye bunduki ya upepo. Kwa M12x1.5 nati izunguke angalau mara nane kabla haijakaza.

Wakati wa kufunga, sugua uso wa habu kwa brashi ya waya, kaza kwa mpango wa kutazamana, umalizie na spana ya toki, ile inayopima nguvu ya kukaza: RAV4 ni 103, Prado 150 ni 112, kwa Nm (nyutoni-mita). Shusha gari, geuza usukani mwisho hadi mwisho, pakia watu watano, pita kwenye tuta la barabarani taratibu usikilize. Gari likiwa juu ya jeki halikuambii kitu. Kaza tena baada ya kilomita sabini hadi mia. Ukielekea Nairobi, simama Naivasha.

Na lile gurudumu la akiba la Prado, kwenye mlango wa nyuma, bado ni rimu ya kiwandani ya aloi. Nati zako mpya za koni hazitalifaa. Weka zile za zamani, zote sita, kwenye mfuko wa jeki.